Kilimia kina namba, mawingu mawili ya kusini hayana: hiyo "M" ni ya nani?

Swali: Shikamoo mwalimu. Mimi ni mvuvi wa dagaa hapa kisiwani Kome, Ziwa Victoria. Dada yangu anayesoma Mwanza mjini aliniwekea kwenye simu programu ya kutambua nyota. Nikiielekeza kwenye Kilimia inaandika M45. Nikiielekeza kwenye kile kiwingu kilicho chini ya nyota tatu za Jabari inaandika M42. Lakini upande wa kusini kuna mawingu mawili meupe yasiyotembea, moja kubwa na moja dogo. Mzee wangu anasema yapo vilevile tangu utoto wake. Hayo programu haiyapi M yoyote. Je, M maana yake nini, nani aligawa hizo namba, na kwa nini aliacha makubwa akahesabu madogo? Halafu kando ya lile wingu dogo kuna nyota moja kama ina ukungu. Ni macho yangu au?

Jibu: Marahaba, kijana wangu. Swali lako nimelisoma mara mbili, na mara ya pili nilicheka peke yangu. Mzee wako amefanya kwa macho matupu, tena akiwa mtumbwini, kazi ile ile ambayo mwenye hiyo herufi M aliifanya usiku baada ya usiku kwa miaka mingi. Nitakueleza. Hiyo nyota yenye ukungu naiweka mwisho, ila macho yako ni mazima.

M ni Messier. Charles Messier alikuwa Mfaransa, alizaliwa mwaka 1730 na kufariki 1817. Orodha yake leo imo katika kila programu ya nyota, na watu huidhania kuwa orodha ya vitu bora vya angani, vikubwa au vya maana kuliko vingine. Sivyo. Messier aliiandika kama orodha ya vitu vya kupuuza.

Yeye alikuwa mwindaji wa nyotamkia. Enzi zake, kugundua nyotamkia kulimpa mtu jina hadi kwa wafalme. Tatizo ni kwamba nyotamkia ikiwa bado mbali haina mkia wowote. Ni kidoa tu cha ukungu, kama umeipumulia nyota ukiwa nyuma ya kioo. Na anga imejaa vidoa vya namna hiyo ambavyo si nyotamkia. Utatofautishaje? Unasubiri. Nyotamkia husogea kati ya nyota, leo iko hapa, kesho kutwa imehama kidogo. Kisichosogea si nyotamkia. Sasa rudi kwa Mzee wako: "yapo vilevile tangu utoto wangu." Kipimo ni kile kile, tena yeye amekirudia kwa miaka mingi kuliko Messier mwenyewe.

Chanzo cha orodha kina kichekesho chake. Mwingereza Halley alikuwa amepiga hesabu kwamba nyotamkia iliyoonekana mwaka 1682 ingerudi karibu na mwisho wa 1758. Ulaya nzima iliisubiri. Messier, wakati huo kijana aliyeajiriwa na mtaalamu wa nyota aitwaye Delisle, alipewa ramani ya mahali pa kuitafuta. Ramani ile ilikuwa na kosa. Basi kijana akatafuta kwa miezi mingi mahali ambapo nyotamkia haikuwepo, na siku ya Krismasi 1758 ikaonwa na mkulima wa Kijerumani wa karibu na Dresden, jina lake Palitzsch, aliyejifundisha elimu ya nyota mwenyewe. Messier aliipata tarehe 21 Januari 1759. Mkulima keshamtangulia.

Lakini katikati ya mahangaiko hayo, mwezi Agosti 1758, akiwa anafuatilia nyotamkia nyingine, alikutana na kidoa karibu na pembe ya Ng'ombe, kundi lile ambalo Kilimia kimo ndani yake. Kilifanana kabisa na nyotamkia. Usiku wa tarehe 12 Septemba alikipima mahali pake: hakikusogea. Akakiandika ili kisimpotezee muda tena, yeye wala mwingine. Ndicho M1. Leo tunajua kwamba ni mabaki ya nyota iliyolipuka, na mlipuko wenyewe Wachina waliuandika katika kumbukumbu zao mwaka 1054. Messier alikuwa ameshika moja ya vitu vya ajabu kuliko vyote angani, akakiwekea alama ya "usiangalie hapa".

Orodha ya kwanza aliichapisha 1774, ikiwa na vitu 45. Hapo ndipo Kilimia chako kinapoingia, cha mwisho kabisa, na hapo ndipo mimi humshuku. Nani duniani angekosea Kilimia akadhani ni nyotamkia? Wakulima wamekijua tangu zamani, jina lenyewe lina kulima ndani yake, na Wazulu na Waxhosa kule kusini wana jina la mzizi huo huo. Watu wa pwani wana msemo: Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Hata hivyo, usiku wa tarehe 4 Machi 1769 Messier alikaa akapima vitu vinne ambavyo havikuwa na utata wowote, viwili vikiwa ukungu wa Jabari, cha tatu fungu la nyota lililo katika kundi la Saratani (Kaa), na cha nne Kilimia. Akavipa namba 42 hadi 45. Wanahistoria wengi wanadhani sababu ilikuwa ushindani mtupu. Mfaransa mwenzake, ambaye nitakuja kwake sasa hivi, alikuwa ametangulia kutoa orodha ya vitu 42, na Messier hakutaka ya kwake iishie 41. Nami nadhani hivyo.

Aliendelea kuongeza, akisaidiwa na mwenzake Méchain, na toleo la 1781 lilikuwa na vitu 103. Saba vilivyobaki viliongezwa na watu wa karne ya 20, waliopekua maandishi ya wawili hao, ndiyo maana programu yako inafika M110. Orodha haikukosa takataka pia: M40 ni nyota mbili tu zilizo jirani, na M73 ni nyota nne zisizo na uhusiano wowote.

Sasa mawingu yako mawili. Kwa nini hakuyaandika? Kwa sababu hakuwahi kuyaona, na asingeweza kuyaona hata angeishi miaka mia tatu. Messier alifanya kazi juu ya mnara wa jumba la Cluny katikati ya Paris. Paris iko nyuzi 49 kaskazini ya ikweta. Kadiri unavyokwenda kaskazini, ndivyo Nyota ya Kaskazini inavyopanda na anga ya kusini inavyozama. Ukiwa Paris, kila kilicho chini zaidi ya nyuzi 41 kusini ya mstari wa katikati ya anga hakichomozi kamwe. Wingu kubwa liko nyuzi 69 kusini, na dogo 73. Kwa mtu wa Paris hayo yako chini ya miguu yake siku zote.

Kitu cha kusini kabisa ambacho Messier aliambulia ni M7, fungu la nyota lililo mkiani mwa Nge, ambaye vitabu vya zamani humwita Akarabu. Kule Paris, M7 ikifika kileleni pake haizidi nyuzi 6 juu ya upeo, yaani juu kidogo tu ya mapaa na mabomba ya moshi. Nyoosha mkono, funga ngumi: upana wa ngumi ni nyuzi 10 hivi. Messier aliiona M7 kwenye nafasi isiyotosha hata ngumi moja. Kwako Kome, katikati ya Agosti saa tatu usiku, inapita karibu ngumi sita juu ya upeo wa kusini. Ukiiona kwa macho matupu kama kiwingu kidogo nyuma ya mwiba wa Nge, ujue kwamba Ptolemy, mtaalamu wa nyota aliyeishi Alexandria kule Misri, naye aliiandika hivyo hivyo katika karne ya pili.

Hapa ndipo nataka uelewe bahati ya mahali mlipo. Mwanza iko nyuzi mbili na nusu tu kusini ya ikweta. Kutoka ziwani kwenu vitu vyote 110 vya Messier vinachomoza, hata M81 na M82 ambazo ziko kaskazini mno. Hizo mwezi wa Aprili hupanda kama nyuzi 18 juu ya maji. Tunachokosa ni kiduara kidogo sana cha anga kinachoizunguka Nyota ya Kaskazini, nayo yenyewe imo humo. Mtu wa Paris alikosa karibu kila kitu kilicho chini ya mkia wa Nge.

Aliyekwenda kuziba pengo hilo ndiye yule wa orodha ya vitu 42. Ni padri na mtaalamu wa nyota, Nicolas-Louis de Lacaille. Alifika Cape Town Aprili 1751 na kuondoka Machi 1753. Katika muda huo alipima nyota karibu 10,000. Sikiliza sasa chombo alichotumia: darubini yenye kioo cha mbele cha upana wa milimita 13, karibu sawa na ukucha wa kidole, inayokuza mara 8. Ile darubini ya macho mawili wanayoning'iniza watalii shingoni ina kioo cha milimita 40 au 50. Messier amepata umaarufu wote, lakini mimi ukiniuliza nani kati yao alifanya kazi ngumu zaidi kwa kifaa duni zaidi, nitakujibu bila kusita kwamba ni padri wa Cape.

Vidoa vyake 42, vilivyochapishwa 1755, alivigawa katika madaraja matatu: ukungu usio na nyota, mafungu ya nyota, na nyota zenye ukungu. Kila daraja lina vitu 14 kamili. Mbingu hazijigawi sawasawa hivyo. Naona padri alipenda mpangilio nadhifu. Pia alibuni makundi mapya ya nyota 14 (14 tena!), mengi akayapa majina ya vyombo vya kazi: Darubini, Hadubini, Saa, Tanuri. Moja aliliita Meza, kwa heshima ya ule mlima wa Cape Town wenye kilele kilicholala kama meza, na ukingo wa wingu lako kubwa unaingia ndani ya kundi hilo.

Hata Lacaille hakuyapa namba mawingu yenyewe. Alihesabu vilivyomo ndani yake na vilivyo jirani. Nadhani ni kwa sababu ile ile inayofanya mtu akihesabu visiwa vya ziwani asilihesabu Ziwa. Mabaharia wa Ulaya walikuwa wameshayapa jina la Magellan, kutokana na ile safari ya kuizunguka dunia ya 1519 hadi 1522, ingawa jina hilo lisikudanganye ukadhani yeye ndiye aliyeyagundua. Watu wa kusini walikuwa wakiyatazama siku zote.

Orodha zilizofuata nazipitia haraka. William Herschel na dada yake Caroline, wakiwa Uingereza, walikusanya vitu kama 2,500. John, mtoto wa William, alihamia Cape na darubini kubwa kuanzia 1834 hadi 1838 akapekua anga yote ya kusini. Mwaka 1888 mtaalamu wa nyota aitwaye Dreyer aliunganisha kila kilichojulikana katika orodha moja ya vitu 7,840, ambayo programu yako huiandika kwa herufi NGC. Humo wingu dogo limepata namba 292. Kubwa halikupata mpaka leo. Bonyeza uone.

Umeniuliza kwa nini vikubwa viliachwa, lakini nadhani chini ya swali hilo kuna jingine: hivi vitu ni vya aina moja? Hapo mambo yanakolea.

Unawajua wale wadudu wa ziwani wanaopanda kwa mamilioni. Ukiwa mwaloni unaona moshi wa kahawia umesimama juu ya maji, mrefu kuliko mti wowote. Mgeni atakwambia kuna kitu kinaungua. Mtumbwi ukiingia ndani yake ndipo unapogundua kwamba ni wadudu, mmoja mmoja, wamejaa masikioni na mdomoni. Lakini siku nyingine moshi unaouona ni moshi kweli, mtu anachoma nyasi ng'ambo. Kwa mbali jicho haliwezi kuamua.

Ndivyo walivyokuwa wataalamu wale kwa zaidi ya miaka mia. Darubini zilipokua, vidoa vingi vya Messier vilifumuka kuwa nyota, kama wadudu wale. Kilimia ni fungu la nyota la namna hiyo, changa na lililotawanyika, na liko umbali wa miaka ya nuru 440 hivi, yaani nuru unayoiona leo iliondoka huko zaidi ya miaka mia kabla Messier hajazaliwa. Vingine vilifumuka kuwa mipira ya malaki ya nyota zilizosongamana. William Herschel mwanzoni aliamini kwamba kila kidoa kingefumuka siku moja, ni suala la ukubwa wa darubini tu. Novemba 1790 aliona nyota moja iliyozungukwa na mwanga laini, akabadili mawazo: moshi halisi upo. Uthibitisho ulikuja 1864, pale mtaalamu wa nyota Huggins alipopitisha nuru ya kidoa kimoja kwenye mche wa kioo. Nuru ya nyota ikipita humo hutandazwa kama upinde wa mvua, rangi zote. Nuru ya kidoa kile ilitoa mistari michache tu ya rangi, jambo linalotokea gesi inapong'aa. M42 yako chini ya zile nyota tatu ni ya aina hiyo, gesi inayozaa nyota mpya, umbali wa miaka ya nuru 1,300 hivi. Tena kwenu inapita karibu utosini.

Likabaki kundi la tatu, kichwa ngumu. Vidoa ambavyo nuru yake ni ya nyota lakini havifumuki kwa darubini yoyote ya wakati ule. Kinara wao ni M31. Kidoa hiki kiliandikwa na Al-Sufi, mtaalamu Mwajemi, katika kitabu chake cha mwaka 964, akikiita kiwingu kidogo. Kimo katika kundi ambalo Kiswahili cha elimu ya nyota hulipa jina Mara. (Halihusiani na mkoa jirani yetu, ni Kiarabu, mwanamke.) Je, M31 ni kitu kilicho ndani ya Njia Nyeupe (ule ukanda mweupe wa nyota unaokatiza anga, ambamo nasi tumo), au ni Njia Nyeupe nyingine kabisa, iliyo mbali kiasi kwamba nyota zake haziachani? Wataalamu waligombana juu ya hilo hadi miaka ya 1920, na waliokuwa upande wa makosa hawakuwa wajinga hata kidogo. Walikosa kipimo cha umbali.

Kipimo kilipatikana kwenye wingu lako dogo. Tumia akili ya uvuvi uelewe. Uko ufukweni Kome usiku wa giza, unaona taa mbili ziwani, moja kali, moja hafifu. Ipi kubwa? Huwezi kusema. Hafifu inaweza kuwa kubwa iliyo mbali. Lakini ukiona mitumbwi hamsini imekusanyika penye dagaa, mbali kule, umbali wa yote kutoka kwako ni karibu sawa. Hapo inayoonekana kali ni kali kweli.

Henrietta Leavitt, aliyefanya kazi Harvard nchini Marekani, alikuwa na picha za wingu dogo zilizopigwa Arequipa, Peru, kwa sababu naye kutoka kwao asingeliona. Ndani ya wingu alitafuta nyota za aina fulani zinazong'aa na kufifia kwa mpigo usiobadilika, kama taa inayovuta pumzi. Mwaka 1912 alichapisha matokeo ya nyota 25: zile zenye mpigo wa polepole ndizo zenye mwanga mkali zaidi. Kwa kuwa zote zilikuwa kama ile mitumbwi iliyokusanyika penye dagaa, yaani umbali ule ule, tofauti hiyo ilikuwa ya kweli. Maana yake ukiikuta nyota ya namna hiyo popote angani, hesabu siku za mpigo wake, utajua ukali wake halisi. Kisha linganisha na unavyoiona, umbali unajitokeza wenyewe.

Oktoba 1923 Edwin Hubble, akiwa kwenye mlima Wilson kule California, alinasa nyota ya namna hiyo ndani ya M31. Hesabu ikaitupa mbali kabisa nje ya Njia Nyeupe. Leo tunaipa umbali wa miaka ya nuru milioni 2.5. Ni galaksi nzima, yaani Njia Nyeupe nyingine, kubwa kuliko yetu. Katika vidoa 110 vya Messier, kama 40 ni galaksi, na yeye alikufa bila kujua kwamba kitu kiitwacho galaksi kipo. Siri ya M31, kiwingu maarufu chenye namba, ilifunguliwa na ufunguo uliotoka kwenye wingu ambalo hakuna Mfaransa aliyeweza kuliona kutoka nyumbani kwake.

Mawingu yako nayo ni galaksi, ndogo, majirani zetu. Kubwa liko umbali wa miaka ya nuru 160,000 hivi na dogo 200,000. Mwezi Februari 1987 nyota moja ndani ya lile kubwa ililipuka, ikaonekana kwa macho matupu kwa miezi. Muulize Mzee wako. Kama alikuwa akivua usiku mwezi wa tatu mwaka ule, na kwa jinsi anavyoyajua mawingu yale, sitashangaa akikwambia aliona nyota isiyokuwepo.

Sasa ya vitendo. Wewe na Messier mnatafuta giza lile lile: mbalamwezi ikitoka dagaa hawafuati taa, na vidoa navyo hufutika. Shida yako ni taa zako mwenyewe. Jicho linahitaji kama nusu saa gizani ndipo lifunguke sawasawa, na kutupia macho taa mara moja tu kunarudisha kazi yote nyuma. Kwa hiyo usitazame ukiwa kazini. Tazama usiku ule mnaobaki nchi kavu kwa sababu ya upepo, ukae upande wa kisiwa ambao taa za ziwani hazikupigi usoni. Simu ipunguze mwanga hadi mwisho. Programu nyingi zina rangi nyekundu ya usiku, itumie. Kidoa hafifu usikikodolee, tazama kando yake kidogo, kitajitokeza chenyewe pembeni mwa jicho. Ukipata darubini ya macho mawili ya kuazima, iegemeze kwenye mwamba au ubavu wa mtumbwi uliopakiwa nchi kavu, maana mkono hutetemeka na majini haishikiki kabisa. Ifute umande mara kwa mara kwa kitambaa laini. Na mchana usiielekeze kwenye jua hata kwa mzaha.

Mwanzoni mwa Desemba, mvua ikikata na anga ikaoshwa, toka nje karibu saa tatu usiku. Tazama kaskazini sawasawa, ngumi nne na nusu juu ya upeo: M31. Kisha geuka nyuma utazame kusini sawasawa, ngumi mbili juu ya upeo: wingu dogo. Yanafika kileleni karibu wakati mmoja, na mahali pa kuyaona yote mawili yakiwa yamesimama vizuri hivyo ni ukanda wetu huu wa ikweta. Wingu kubwa linafuata, linapendeza zaidi Januari na Februari. Mwanzoni mwa Juni, saa tatu na nusu usiku, tafuta katika kundi la Kantarusi, ngumi nne na nusu juu ya kusini, nyota moja iliyovimba kama pamba. Inaitwa Omega Centauri. Si nyota moja, ni mpira wa nyota kama milioni 10, na Messier hakuuona.

Ambayo inatuleta kwenye nyota yako yenye ukungu, kando ya wingu dogo. Ni ndugu wa Omega Centauri. Watu wa zamani waliichanganya na nyota kama ulivyofanya wewe, ndiyo maana mpaka leo ina jina la nyota: 47 Tucanae. Ni mpira wa malaki ya nyota, na kuwa kwake kando ya wingu ni kiini macho tu, kama mtumbwi ulio karibu nawe unavyoonekana kugusana na taa za ng'ambo. Yenyewe iko umbali wa miaka ya nuru 15,000 hivi, ndani ya galaksi yetu, na wingu liko nyuma yake, mbali mara 13. Lacaille aliitazama kwa kile kioo chake cha milimita 13 na kuona inafanana na kiini cha nyotamkia inayong'aa. Kisha akaiandika ya kwanza kabisa katika daraja lake la kwanza.